Bi. Ishbel Anastaafu Kabla ya Nyambizi

Ijumaa tarehe 28 Novemba, Bi. Ishbel Galbraith atakabidhi funguo za Ofisi ya Barua za Familia baada ya miaka thelathini na moja ya utumishi. Alianza kazi mwaka 1994, nyambizi zetu za makombora ya nyuklia zikiwa mpya, bado zinanuka rangi. Sasa anazitangulia kustaafu. "Mimi nimeshawekewa magoti mapya yote mawili," husema, "wenzangu hawa wa chuma bado wanasubiri kikao cha kuwaamulia."

Kazi yake ni rahisi kuieleza. Nyambizi ikishazama kwenda doria haisemi neno hadi irudi, maana adui akijua ilipo, ulinzi wote umekwisha. Walio ndani hupata ujumbe mmoja kwa wiki kutoka nyumbani, maneno mia na ishirini, na hawawezi kujibu. Bi. Ishbel ndiye anayeusoma kwanza. Habari za msiba hazipiti. Siri hazipiti. Mapenzi hupita, hata yale yanayomfanya avue miwani na kuifuta bila sababu.

Hapa Helensburgh, mji wetu wa Uskoti kando ya kambi ya nyambizi, kila meza ya chai ina bunge lake. Wapo wanaotaka nyambizi mpya zije hata leo, wapo wanaotaka silaha hizi zifutwe kabisa na fedha zijenge hospitali. Dada yake mwenyewe, Bi. Effie, husimama langoni kwetu kila Jumamosi na bango la kuzipinga. Bi. Ishbel humpelekea chai na vimkate vya skoni.

"Kunywa, dada, upate nguvu ya kunizomea."

"Ongeza siagi, mtumishi wa mabomu!"

Kisha hurudi nyumbani kwa gari moja.

Mimi nina sababu yangu ya kumshukuru. Niliolewa na Struan mwezi Mei. Struan wangu, ambaye huimba akikaanga mayai! Wiki saba baadaye alizama na nyambizi yake kwenda doria. Doria zilizokuwa za miezi mitatu sasa hupita mitano, kwa kuwa nyambizi mpya hazijakamilika na za zamani hukaa sana kwenye matengenezo. Wiki ya kumi nilimwandikia yote: kwamba gazeti linasema chombo chake kimechakaa, kwamba simu ikilia tu napoteza pumzi. Bi. Ishbel alinirudishia karatasi, akavuta kiti.

"Hii haipiti, mwanangu."

"Lakini ni kweli tupu, Bi. Ishbel!"

"Najua. Ila huko chini hana mlango wa kutokea akapunge upepo. Nyumbani kwenu kimeharibika nini?"

"Bomba la jikoni linavuja."

"Mwandikie hilo. Mpe kitu atakachoweza kukitengeneza akirudi."

Tangu siku hiyo nimemwandikia bomba, bawaba ya kabati na dirisha linalogoma kufunga. Nyumba nzima inamngoja.

Bi. Ishbel alipaswa kuondoka Agosti. Aliahirisha, akaahirisha tena Oktoba, akitaka kwanza chombo cha akina Struan kirudi. Safari hii daktari amekataa. Nacho bado hakijarudi, na hatuambiwi lini. Funguo zake napokea mimi, lakini kwa sheria ya ofisi siwezi kusoma barua zangu mwenyewe. Zitasomwa na Bwana Fergus wa stoo, ambaye hata kadi ya mkewe huandika "Salamu" akamaliza. Bi. Ishbel amemfundisha wiki tatu nzima.

"Ukimkatia bibi arusi huyu busu hata moja," amemwonya, "nakuja na mkongojo."

Jana alisoma ujumbe wangu wa ishirini na mbili, wa mwisho kupita mikononi mwake. Nilijitahidi kuandika habari za dirisha, lakini mwishoni kalamu ilinishinda: "Rudi upesi, naogopa." Nilisimama kando ya meza nikiingoja penseli yake. Ilikata neno moja tu: upesi.

"Hilo haliko mikononi mwake," alisema. "Naogopa" akaliacha, akapiga muhuri, akanishika mkono.

Bi. Ishbel, ahsante kwa kila neno la mapenzi ulilolifikisha chini ya maji. Tunakuombea afya, usingizi mtulivu na asubuhi ndefu zisizo na barua za watu. Nenda kapumzike. Kungoja tumebaki nako sisi.