Rebeka Kornelio Chilewa na Jina Alilolisubiri

Shangazi yetu Rebeka alizaliwa Mamboya tarehe 14 Machi 1979, mtoto wa nne wa Mama Yustina na marehemu Mzee Kornelio. Mvua ilikuwa imekata njia, mkunga akafika mtoto ameshalia. Alipokua, Shangazi alimuuliza kila mtu jina la yule mkunga. Wote walimjua kama Mama Emanueli, basi.

Alisoma shule ya msingi hukohuko Mamboya, 1987 hadi 1993, kisha sekondari mjini Kilosa hadi 1997. Mwaka 2001 alihitimu mafunzo ya video Dar es Salaam, akarudi kufungua studio yake Mabwerebwere.

Alianza na video za harusi. Baba mmoja wa Kidodi alipotazama mkanda wa harusi ya mwanawe alilalamika kwamba bwana harusi kamwona mara mbili, masufuria kayaona saa nzima. Maana kamera ya Shangazi ilikuwa inapotelea nyuma, kwa akina mama wanaopika. Alimuuliza kila mmoja, "Jina lako wewe, siyo la mwanao." Ndivyo alivyogeuka mtayarishaji wa filamu, akazunguka Kilosa na Mikumi kutafuta wanawake ambao habari zao hazikuandikwa popote.

Tarehe 18 Novemba 2006 alifunga ndoa na Bwana Frank Simoni, wakajaliwa mtoto mmoja, Nickson.

Filamu yake ya mwisho ilihusu mwaka wa ukame, wakulima na wafugaji walipopigania kisima upande wa Mikumi. Sisi tumekua tukiambiwa wazee walikaa wakapatana. Kumbe kabla yao mama mmoja wa wafugaji alivuka na ndoo yake, akaketi kisimani na wake wa wakulima mpaka wanaume wakaona aibu. Mama huyo alishafariki. Mke mwenzake, Bibi Naipanoi, alisimulia yote isipokuwa jina, kwa kuwa kwao jina la marehemu halitajwi ovyo. Siku ya kwanza Shangazi alikosea, akamuuliza mara ya pili kamera ikiwa inawaka. Bibi akainuka akaondoka. Baada ya hapo Shangazi alienda mara sita bila kamera, wakinywa chai tu. Desemba 2024 Bibi akatuma ujumbe: njoo, nitakuambia.

Lakini figo zilikuwa zinamsumbua Shangazi tangu Julai. Desemba hiyo alikuwa amelazwa Morogoro, akisafishwa damu. Kila tulipoingia wodini aliuliza kama barabara ya Mikumi inapitika. Tulimjibu inapitika. Alifariki tarehe 9 Februari 2025, saa nne asubuhi.

Juzi Bibi Naipanoi alifika msibani. Nilimwamkia, nikamwomba aniambie mimi lile jina, daftari nikiwa nalo mkononi. Alinitazama sana.

"Mjukuu wangu, nilimwahidi yeye," alisema. "Sasa wamekuwa wawili nisioweza kuwataja."

Nikafunga daftari.

Marehemu ameacha mama mzazi, mume, mtoto mmoja, kaka wawili, mimi Beatrice, mtoto wa kaka yake, niliye kidato cha tatu, na filamu ambayo mahali pa jina moja pako kimya.

Apumzike kwa amani Rebeka Kornelio Chilewa. Sisi kwetu jina la marehemu hutajwa.