Ngoma za Albamu ya Pili

Fundi cherehani aliyeketi mbele yangu kwenye treni alikuwa akimweleza mzee wa kando yake kwamba yeye ni mpiga ngoma wa bendi ya deth metali, ule muziki wa roki wa kelele na kasi kubwa. "Albamu ya kwanza, studio walifuta ngoma zangu wakaweka za kompyuta. Eti mwanamke hana mguu wa kukanyaga pedali ya ngoma kwa kasi ile. Mguu uliokanyaga cherehani miaka kumi na miwili!"

"Kwani kelele nazo zina mwenyewe, binti?" mzee akauliza.

"Zina, babu. Leo tunarekodi ya pili, na kompyuta nimewaambia waizime."

"Ukikosea je?"

"Nitakosea kwa mguu wangu."

Nilitamani kumpigia makofi, nikaona haya. Treni iliposimama, mzee alivuta magoti ampishe. "Haya, nenda kakanyage. Lakini hiyo kompyuta wasiipeleke mbali."