Nyumba ya Magunia Sitini

Bwana asifiwe, ndugu zangu! Asifiwe tena, na wale wa nyuma waitikie! Mimi ni Mama Romana, mke wa Severini, wa jumuiya ya upande wa stesheni hapa Ifakara. Wengi mnanifahamu. Mwenyekiti ameniomba niseme kwa upole, nami nimemwambia nitajitahidi. Lakini nimeiombea hasira hii iondoke mwezi mzima na haijaondoka, basi nikaona labda Mungu anataka niitumie kwanza.

Nimekuja kushuhudia jinsi Bwana alivyotutoa utumwani. Na utumwa wenyewe ulikuwa nyumba. Nyumba nzuri, ya matofali ya kuchoma, vyumba vitatu na bati arobaini!

Mwanzoni mwa miaka hii ya tisini tulikuwa tunakaa kwenye nyumba ya nyasi. Mnajua masika ya huku yalivyo. Maji yalikuwa yanatoka juu na mengine yanatoka chini, na mimi katikati nimebeba mtoto na gunia la mbegu. Kila mwaka Severini alikuwa anaezeka upya, na kila mwaka mchwa walikuwa wanashukuru. Nikamwambia mume wangu, "Baba Romana, mimi nimechoka kulala na ndoo. Na sisi tutafute bati." Sikatai, ndugu zangu, maneno hayo yalitoka kinywani mwangu.

Kulikuwa na tajiri mmoja mwenye mashine ya kukoboa mpunga. Jina lake silitaji, nitamwita Mwenye Mashine. Mtu wa sauti ya chini, wa kusalimia watoto, wa kutoa mchango mbele ya watu. Alikuwa na nyumba ameijenga pembeni ya kiwanja chetu na hana mtu wa kuikaa. Akatwambia, "Ingieni. Mimi sitaki fedha, ninyi ni wakulima, nipeni mpunga. Nyumba ni magunia sitini. Kila mavuno mniletee kumi na mbili. Mkiwa hamjamaliza, nyumba ni rehani kwangu pamoja na kiwanja chenu. Mkimaliza, karatasi zote nawakabidhi."

Severini akapiga hesabu kwa vidole vyake mwenyewe. Kumi na mbili mara tano, sitini. Mavuno matano, tumemaliza! Tulilala tunacheka.

Karatasi ilikuwa na maneno. Mume wangu ana darasa la saba, aliisoma. Kulikuwa na mstari unasema kwamba kila msimu, kwa kila magunia matano yaliyobaki, litaongezwa gunia moja. Severini akauliza, hili ni la nini? Yule bwana akasema, "Hayo ni maneno ya kawaida ya mikataba, mzee, yasikusumbue. Wewe lete kumi na mbili zako." Mume wangu akaona aibu kuuliza mara ya pili. Akatia sahihi. Mimi nilikuwa nje napima madirisha kwa ajili ya mapazia!

Ndugu zangu, sisi watu wa mpunga tuna ugonjwa mmoja. Tunahesabu msimu mmoja tu. Tukishavuna, tukishapeta, tukishagawa cha huyu na cha yule, tunasema mwaka umekwisha, tunakunywa, tunaanza upya kama watu waliozaliwa jana. Hakuna anayekaa kujumlisha mwaka huu na wa juzi. Na mwezi wa saba, uwanja ukiwa umejaa, gunia si kitu, unampa hata shangazi aliyepita njia. Mwenye Mashine alilijua hilo kuliko sisi wenyewe.

Tukapeleka kumi na mbili. Mwaka wa pili, kumi na mbili. Wa tatu, kumi na mbili. Kila mara anatupokea vizuri, anatupa soda, anasema, "Ninyi ni watu waaminifu." Mwaka wa nne mto ulipanda, mashamba ya Idete yakawa bahari, tukapata saba tu za kumpelekea. Nilikwenda nimeandaa maneno ya kuomba radhi. Akasema, "Msijitese, mama. Mengine yatakuja." Nikarudi nyumbani namwombea baraka! Mimi, kwa mdomo wangu huu, nilimwombea baraka!

Mwaka huohuo wa maji, binti yetu Romana akamaliza darasa la saba. Masista wakasema wana nafasi yake kwenye shule yao, ada yake ni sawa na magunia manane kwa mwaka. Mtoto alikuwa ameshashona sketi. Tukamwambia, "Subiri kidogo mama, nyumba iishe kwanza." Akasubiri. Mwaka uliofuata tukamwambia tena, subiri. Hakulia mbele yetu. Akafungua masanduku yake, akampa sketi mdogo wake, akaenda kwa shangazi yake Mlimba kuuza chakula stesheni kwa abiria wa treni. Huko akaolewa kabla hajatimiza miaka kumi na saba.

Basi tukafika mavuno ya sita. Mimi kwa hesabu yangu tulikuwa tumemaliza, na za mwaka wa maji tumezifidia. Nikatangaza! Nilisimama kwenye jumuiya nikasema tunatoa shukrani, nyumba imekuwa yetu. Nikachinja kuku wanne, nikaita kwaya, mkala, mkaimba, mkacheza hadi vumbi likapanda. Jumatatu yake tukaenda kwa Mwenye Mashine na magunia kumi na mbili ya mwisho, Severini kavaa koti, kuchukua karatasi.

Akafungua daftari. Akasema, "Mmebakiza sitini na saba."

Nilidhani anatania. Nikamwambia, "Bwana mkubwa, nyumba yenyewe ilikuwa sitini." Akageuza daftari tuone. Sikuona kitu, macho yalikuwa yamejaa maji. Nikarudi njia nzima nahesabu kwa sauti kama kichaa. Mavuno matano ya kumi na mbili, sitini. Na saba za mwaka wa maji. Tumelipa sitini na saba, tunadaiwa sitini na saba! Na nyie wote mmeshakula kuku wangu!

Ndugu zangu, niliacha kusali. Nasema wazi. Niliona aibu kuwatazama, na Mungu nilimwona kama mtu aliyekaa upande wa matajiri. Severini nilimnyamazia miezi mitatu. Mwanamume akawa anakula peke yake, anakonda, anasema tu, "Nilisoma, mke wangu, nilisoma yote, sikuelewa." Na mimi namjibu kwa kugonga sufuria.

Mwezi wa nne wa kununa kwangu, mpunga wa mvua za mwanzo ukiwa ndiyo kwanza umeota, nikawa shambani Idete nalinda ndege wasifukue mbegu. Nimekaa kwenye dungu langu, kile kibanda cha juu ya miti, napiga debe, na kati ya debe na debe namgombeza Mungu. Nilimwambia, "Kama upo, nionyeshe magunia yangu yamekwenda wapi. Sitaki muujiza. Nataka kujua tu yamekwenda wapi!" Hiyo ndiyo sala yangu yote, haikuwa na amina.

Nikashuka kunywa maji, nikakuta ng'ombe kwenye mpunga wangu!

Mnajua tulivyokuwa tukiwasema Wasukuma walipoanza kuja bondeni na mifugo yao. Mimi nilikuwa mbele katika kuwasema. Siku ile nilitukana matusi ambayo hata katekista hayajui. Mwenye ng'ombe akaja, mzee mmoja anaitwa Mayunga, fimbo mabegani. Akawatoa wanyama wake, akatembea kwenye mstari ulioliwa, akahesabu hatua, akarudi. Akasema, "Mayu," ndivyo Wasukuma wanavyomwita mama, "wameharibu debe tatu. Nitalipa. Usilie."

Nikamwambia, "Silii kwa sababu ya debe tatu!" Nikajikuta nimekaa chini kwenye tuta namsimulia mtu nisiyemjua habari yote, nyumba, kumi na mbili, sitini na saba, mstari wa karatasini. Maana Severini alikuwa amenitajia ule mstari mara mia, mimi nikiwa sitaki kusikia.

Mzee akachora chini kwa fimbo. Kisha akaniuliza, "Mayu, kwenu mtu akikuwekea ng'ombe wake uwatunze, akasema nataka ndama kila mwaka, ukampa ndama kila mwaka, mwisho wa miaka sita ng'ombe ni wa nani?"

Nikasema, "Ni wake."

"Basi," akasema, "hizo kumi na mbili ni ndama. Sitini, moja kwa kila tano, ni kumi na mbili kamili. Anaongeza kumi na mbili, unampa kumi na mbili. Ng'ombe hujamgusa hata mkia. Na mwaka uliompa saba, ndama waliobaki wakawa ng'ombe, na wenyewe wakaanza kuzaa."

Bwana asifiwe! Ndugu zangu, nilisimama pale kwenye tuta nikapiga kelele hadi ndege wakaruka wote. Kumi na mbili! Yule mtu hakuitaja ile namba kwa bahati. Aliitafuta! Alikaa na karatasi yake akatafuta namba ambayo maskini ataweza kuilipa maisha yake yote bila kumaliza, na wanawe walipe, na soda atupe! Nilitaka maji ya moto, nilitaka panga. Lakini pia, nashuhudia kweli, kitu kilifunguka kifuani. Nilikuwa nimemwomba Mungu anionyeshe yalikokwenda, akanionyesha. Na alimtuma mtu niliyemtukana nusu saa iliyopita.

Nikamuuliza mzee, tutokeje? Akasema, "Ua ng'ombe. Ukipunguza sitini, ndama wanapungua." Na akasema ana maksai na plau, atatulimia ekari zaidi, na ujira wake ni mabua ya mpunga baada ya kuvuna, ya kulisha mifugo yake. Nikaenda nyumbani nikampigia Severini magoti, nikamwomba msamaha. Tulilia wote wawili. Tukakodi pori jirani, kutoka ekari tatu tukalima nane. Mgongo wangu ulijua. Tulipanda, tulipalilia, tulilinda ndege na watoto wote, na Bwana akazuia maji mwaka ule.

Tukavuna. Tukapakia magunia hamsini kwenye mikokoteni ya Mzee Mayunga, ng'ombe wakavuta polepole kutoka Idete mpaka kwenye ua wa mashine. Watu wamejaa pale wanasubiri kukoboa.

Na hapa ndipo nilipoujua moyo wa mtu. Mwenye Mashine akatoka, akayaona magunia hamsini. Mdai gani asingefurahi? Yeye alikunja uso! Akasema kwa ile sauti yake ya chini, "Mama Romana, nitapokea kumi na mbili. Mengine pelekeni nyumbani, mle na watoto."

Mle na watoto! Mtoto wangu alikuwa wapi? Alikuwa stesheni ya Mlimba anaosha sahani za watu!

Severini, yule mpole, ndiye aliyejibu. "Tajiri, lete karatasi. Katekista yule pale anasubiri kukoboa, atusomee kwa sauti, mbele ya hawa wote. Ikisema hupokei zaidi ya kumi na mbili, tutarudi nazo."

Mimi nikapanda juu ya magunia nikakaa. Nikasema, "Na ule mstari wa moja kwa tano asiuruke!"

Watu wakaanza kusogea. Mmoja akauliza, mstari gani? Mwingine, mzee kutoka Mchombe, akasema yeye pia ana karatasi kama hiyo na hajawahi kuielewa. Mwenye Mashine akatazama watu, akatazama mlango wa ofisi yake. Karatasi hakuileta. Akasema, "Shusheni." Tukashusha yote hamsini, na katekista akaandika na kutia sahihi kuwa shahidi.

Kwa zile sitini na saba alikuwa ameshaongeza kumi na tatu za msimu ule, zikawa themanini; tukitoa hamsini, deni likawa thelathini. Mavuno yaliyofuata akaongeza sita zake, tukampa thelathini na sita, tukamaliza. Utukufu kwa Bwana! Karatasi tunazo, kiwanja ni chetu, bati ni zetu zote arobaini.

Sasa nisikilizeni bei yake. Sitini na saba, na hamsini, na thelathini na sita. Magunia mia moja hamsini na tatu! Kwa nyumba ya sitini! Hayo tisini na tatu ya juu yangemsomesha Romana mpaka akawa sista, au nesi, au chochote alichotaka. Nyumba ina vyumba vitatu na kimoja ni chake, na nikikifagia nakasirika upya. Nilikwenda Mlimba kumwomba msamaha. Alinisamehe. Alisema, "Mama, ningejua ningekusaidia kuhesabu."

Na wewe uliyetuuzia, najua upo humu ndani, nimeona pikipiki yako. Nimekusamehe, maana Baba Yetu naisali kila siku na siwezi kuruka mstari. Lakini jana nimewaona vijana wawili waliofunga ndoa Pasaka iliyopita, wanatoka kwako wamebeba bati kichwani, wanacheka kama tulivyocheka sisi.

Wanangu, sitawataja. Mnajijua. Msione aibu, aibu ndiyo iliyotufunga sisi miaka minane. Mungu mliyekuja kumwomba anaweza kuwapa nyumba, tena anaweza kuwapa akili ya kujua itakula nini mpaka mwisho. Mtumainieni, na mkaulize kila mstari mara mbili, mara tatu, mpaka mwenye nao atokwe na jasho. Namshukuru Yesu, namshukuru Severini, namshukuru Mzee Mayunga aliyesimama pale mlangoni, mpisheni akae. Leo katekista yupo na miwani anayo, nami sitoki hapa mbele. Nani ana karatasi?