Mwalimu Aliyerudisha Swali: Maisha ya Asahel Wheelock wa Ashbrook

Asahel Wheelock, ambaye leo tunamrudisha udongoni, alizaliwa hapa Ashbrook, Massachusetts, tarehe 3 Machi 1804, mtoto wa kwanza wa Obed Wheelock, fundi mapipa, na mkewe Keziah. Katika watoto saba wa nyumba ile, waliofikia utu uzima ni wawili tu, yeye na dada yake Zilpah. Mama yao alikuwa akisema Asahel alizaliwa na swali mdomoni. Angali mdogo alimuuliza baba yake Mungu anakaa wapi siku zile ambazo jumba la ibada limefungwa. Obed alikuwa ameshika pete ya chuma iliyotoka motoni. Akamjibu, "Anakaa na watoto wanaonyamaza."

Alisoma katika shule ya mji wetu, kisha mwaka 1822 Obed akauza shamba lake la mlimani ili kijana aende chuo karibu na Boston kusomea uchungaji. Huko Asahel alikutana na watu waliokuwa wakisema mambo ambayo hapa hayajasikika: kwamba nafsi ya kila mtu ni kijito cha Nafsi moja kubwa, kwamba Mungu anasema leo kama alivyosema zamani, msituni na kifuani mwa mtu, na kwamba anayetaka kumsikia hahitaji mkalimani. Baadaye magazeti yaliwaita watransendenti. Sisi jina hilo lilitushinda ulimi, tukawaita Watu wa Upya.

Alirudi mwaka 1829 akawekewa mikono, akawa mchungaji wetu. Wengi mlioketi hapa mlibatizwa naye. Alihubiri vizuri, hata wale waliokuwa wakisinzia kwa mtangulizi wake walikaa macho. Lakini mwezi Aprili 1836 aliwaita mashemasi akawaambia hawezi tena kusali kwa sababu tu kengele imelia. Atasali moyo ukimsukuma, na usipomsukuma atanyamaza. Shemasi Eliphalet Crane akamwambia, "Mchungaji, sisi ng'ombe tunawakamua wakati ukifika, tuwe na moyo huo au tusiwe nao." Asahel alicheka. Shemasi hakucheka. Wiki ile ile Asahel akaiacha mimbari.

Alikuwa amemwoa Persis Lathrop tarehe 12 Oktoba 1831. Persis alikuwa mwanamke wa vicheko vingi na mkate mzuri wa nafaka ya rai, na yeye ndiye aliyeshona kofia za kuuza ili nyumba ipate chakula baada ya mimbari. Hawakujaliwa mtoto. Zilpah, aliyeolewa na Reuben Thayer mhunzi, alikuwa na binti mmoja, Lovina, na nyumba zote mbili zilichota maji katika kisima kimoja. Kwa hiyo Lovina alikulia kwa mjomba wake kama kwao. Zilpah alikuwa akilalamika kwamba mtoto amemzaa yeye, lakini viazi anavila kwa Persis.

Mwaka 1838 Asahel alifungua shule katika banda la kuchambulia sufu. Haikuwa na fimbo, wala kukariri. Aliamini kwamba ukweli umo ndani ya mtoto tangu kuzaliwa, na kazi ya mwalimu ni kuuita utoke. Kwa hiyo ulipomuuliza jambo, hakukujibu. Alikurudishia swali: moyo wako unasemaje? Watoto walifunga macho, wakasikiliza, wakasema. Siku moja kijana mmoja aliomba ruhusa ya kwenda chooni, akaulizwa vivyo hivyo. Akasema, "Mwalimu, moyo hauna neno, lakini tumbo linasema haraka." Darasa zima likaangua kicheko, na Asahel akacheka kuliko wote. Wageni walitoka mbali kuja kuona shule ile. Walikuta watoto wasiomwogopa mtu.

Sasa tufike mahali ambapo hatuwezi kupakwepa.

Tarehe 6 Machi 1845 walikuja wageni kutoka Boston, mabwana wawili na bibi mmoja. Wakati wa mapumziko ya mchana Lovina, aliyekuwa na miaka tisa, aliingia kutoka nje. Wenzake walikuwa wamevuka bwawa la kinu kwa miguu asubuhi, barafu ikiwa bado ngumu, na sasa walikuwa wakimwita kutoka ng'ambo. Alimwendea mjomba wake mbele ya wageni.

"Mjomba, barafu itanibeba?"

"Moyo wako unasemaje?"

"Unaogopa."

"Hofu si moyo, Lovina. Hofu ni kelele za watu wengine. Sikiliza chini yake."

Mtoto alifumba macho kama alivyofundishwa. Kisha akatabasamu, akasema, basi atavuka. Yule bibi alijipangusa machozi kwa jinsi alivyoguswa. Asahel aliendelea na mazungumzo, akiwaeleza wageni kile walichokiona. Hakutazama dirishani. Jua la mchana lilikuwa limeilainisha barafu, nayo haikumbeba.

Jioni, mwili wa mtoto ukiwa umelazwa juu ya meza kwa Reuben, Zilpah alimuuliza kaka yake alimwambia mtoto nini. Alimweleza neno kwa neno, hakuficha hata moja. Zilpah alisikiliza mpaka mwisho, kisha akarudi kuzichana nywele za mwanawe. Tangu hapo hakusema naye kwa miaka kumi na sita. Walikutana kisimani, akateka maji, akaenda zake.

Mji ulisema ni ajali. Asahel hakuruhusu neno hilo litamkwe mbele yake. Alifunga shule, akaomba kazi kwa wanaokata barafu ya kuuza, na kila majira ya baridi yeye ndiye aliyetangulia bwawani na keke yake kutoboa na kupima unene. Mtoto yeyote aliyekanyaga ukingo bila idhini yake alifukuzwa kwa sauti ambayo hata mimbari haikuwahi kuisikia. Watoto walimpa jina la Mzee Hapana. Waliliimba wakimkimbia, naye hakuwakataza kuimba, aliwakataza bwawa tu.

Shemasi Crane, akiwa mzee wa mkongojo, alimwendea kwa upole, akamshauri arudi kanisani na kukiri kwamba Upya ulikuwa uongo. Asahel akamwambia, "Shemasi, Mungu alisema na yule mtoto. Alisema naye kwa hofu. Mimi ndiye niliyemnyamazisha." Shemasi akavaa kofia yake, akaondoka.

Persis alifariki kwa homa ya mapafu mwezi Februari 1853, na kicheko kikaisha katika nyumba ile. Majira ya joto ya mwaka huu uvimbe ulimwota Asahel tumboni. Vijana wengi wako Kusini vitani, hakukuwa na wa kumkatia kuni. Mwezi Oktoba mlango wake ulifunguliwa bila hodi. Alikuwa Zilpah, na chungu cha mchuzi.

"Sikuja kuzungumza," alisema.

"Sijasema kitu."

"Basi endelea hivyo hivyo."

Akawasha moto. Alikuja kila siku, akamwosha, akamlisha, na kweli hawakuzungumza. Mpaka tarehe 12 mwezi huu, ambapo Asahel alikusanya nguvu zilizobaki akamuuliza, "Zilpah, nilimuua?"

Zilpah alikuwa akikamua kitambaa. Alikikamua mpaka kikakauka.

"Ndiyo."

"Watu wote wananiambia hapana."

"Watu wote hawakumzaa."

Akamuuliza kama amemsamehe.

"Sijaweza. Nimejaribu kanisani, nimejaribu kisimani. Sijaweza, kaka."

"Mbona unakaa, basi?"

"Kwa sababu Lovina alikufa peke yake," Zilpah alisema. "Niliuona uso wake pale mezani, najua kufa hivyo kulivyo. Hata wewe sikutakii."

Asahel alifariki alfajiri ya tarehe 14 Novemba 1861, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wa dada yake. Baadhi ya majirani, kwa nia njema, walitaka isomwe leo kwamba wawili hao walipatana. Zilpah amekataa. Amesema asisingiziwe msamaha alioshindwa kuutoa. Isomwe tu kwamba alikuwepo. Kaburi amelichagua yeye mwenyewe, nalo mnaliona: liko kando ya la Lovina.

Marehemu ameacha dada yake Zilpah, shemeji yake Reuben Thayer, na wale waliokuwa wanafunzi wake, ambao baadhi yao leo ni wazazi. Mungu aliyemsikiliza wakati wote wa ukimya wake ampokee, na ampumzishe.