Kitabu Kinachonuka Samaki

Shufaa hakuwa na haja ya kutega sikio. Basi lilikuwa limetoka Saadani nusu tupu, na walimu wawili wa kiti cha mbele yake walibishana kama walio sebuleni kwao. Kitabu cha maktaba ya shule kilikuwa mapajani mwa yule mkubwa.

“Nusa mwenyewe, Naila. Kinanuka samaki mpaka jalada! Nilimnyang’anya yule binti juzi, na sikiazimishi tena.”

“Vya kabatini vinang’aa, Mwalimu Humaid. Kavisoma nani?”

“Vimetunzwa.”

“Kumtunzia nani? Mchwa?”

Shufaa akavificha vidole vyake ndani ya khanga. Miaka thelathini alikuwa akibanika samaki, na herufi hakujua hata moja. Lakini alasiri tisa mfululizo binti huyo, mtoto wa jirani yake, aliwasomea yeye na wanawake wenzake, pale kwenye vichanja vya kubanikia, habari za nyangumi anayevuka bahari na mwanawe. Wanawake wale, ambao hata imamu hajawahi kuwanyamazisha, walinyamaza. Siku moja samaki waliungua, na hakuna aliyeinuka. Shufaa aliomba kumgusa nyangumi pichani. Alasiri ya kumi binti alikuja mikono mitupu.

Basi likasimama Makurunge. Shufaa akainuka, akasita ubavuni mwao.

“Shikamoo, mwalimu.”

“Marahaba.”

“Samahani, baba. Yule mtoto wa nyangumi, alifika?”

Mwalimu Humaid akakitazama kitabu, kisha akamtazama Naila. Hakuwa amekifungua hata siku moja.

“Anayeshuka ashuke!” konda akapiga kelele.

Shufaa hakushuka.