Gelasius Kamugisha, Aliyeamkia Kabla ya Kusukuma (1979–2007)

Marehemu Gelasius Kamugisha hakuwahi kumpita mtu aliyemzidi umri bila kumwamkia. Hakujali kama mtu huyo anajua Kiswahili au hajui. Pale Garland, akiwa na miaka kumi na mmoja, alimwambia dereva wa basi la shule "Shikamoo" kila asubuhi, na dereva, asijue ajibu nini, akazoea kugusa kofia yake. Alimwamkia mpeleka barua. Alimwamkia muuguzi aliyekuja kumtoa damu. Mama yake, Bi. Dorothea, ndiye aliyemwekea sheria hiyo walipofika Texas: "Lugha yao utaishika, usijali. Lakini mkubwa hapitwi kimya, awe nani." Wengi wetu tuliwawekea watoto wetu sheria kama hizo, na kabla ya mwaka kuisha zilikuwa zimekufa. Yake haikufa. Mimi shangazi yake, Matumaini, nimekuwa nikijiuliza wiki hii yote kwa nini.

Alizaliwa tarehe 14 Machi 1979 mjini Bukoba, mtoto wa pekee wa Bw. Kalisti Kamugisha na Bi. Dorothea. Mwaka 1990 yeye na mama yake walimfuata baba Garland, ambako Bw. Kalisti alikuwa ameajiriwa katika ghala la vipuri baada ya masomo yake. Bi. Dorothea alipata kazi katika nyumba ya kutunzia wazee na wagonjwa wasiojiweza, kazi ambayo anaifanya hadi leo.

Mwaka 1994 familia ilihamia Alief, Houston, na huko marehemu alihitimu sekondari Mei 1997. Walimu walimsifu kwa upole wake. Alichelewa kujibu swali, lakini akijibu amejibu. Alikuwa pia mpana kama mlango, na kocha wa mpira wa Kimarekani alimwandama mpaka akakubali kucheza. Alicheza msimu mmoja akaacha. Alisema wanavaa makofia na mavazi mengi mno, hujui hata unacheza na nani.

Raga ilimkuta dukani. Alikuwa amenisindikiza kununua unga katika duka la Waafrika pale Alief, amebeba magunia mawili, moja kila bega. Bw. Aboud, mzee wetu kutoka Mombasa, dereva wa teksi na kocha wa timu ya raga siku za Jumamosi, alikuwa amesimama kwenye foleni.

"Kijana, shingo hiyo umeipata wapi?"

"Shikamoo. Nimezaliwa nayo."

"Marahaba. Basi Jumamosi uilete uwanjani."

Kwa wale ambao, kama sisi, hawakuujua mchezo huo: kuna wakati watu wanane wa upande huu na wanane wa upande ule huinama, wakashikana mabega, vichwa vikaingiana, kisha wakasukumana kwa nguvu zao zote. Walio mstari wa mbele ndio wanaoshikwa shingo na uzito wote huo. Marehemu alicheza mstari wa mbele.

Bi. Dorothea alikataa kumtazama. Hakumkataza kucheza, ila alimwambia, "Wenye shingo zilizovunjika mimi nawageuza vitandani kila siku. Sitakaa kwenye kiti nitazame mwanangu akiitafuta yake." Kila msimu Gelasius alimwomba aje mara moja tu, na kila msimu mama alikuwa na zamu kazini. Kati ya mambo yote aliyoyataka maishani, hilo ndilo alilolitaja mara nyingi zaidi.

Mwaka 1998, katika mechi mjini Dallas, mchezaji mmoja wa timu pinzani alisimama wakati wa kuinama na kumlalamikia refa kwamba kijana huyu anamnong'onezea uchawi. Bw. Aboud aliingia uwanjani mbio kueleza kuwa si uchawi, ni adabu. Kisha akamgeukia mchezaji wake.

"Wewe nawe! Mtu ataka kukuvunja shingo, wamwamkia?"

"Kocha, ni mkubwa kwangu."

"Mkubwa wapi! Ana upara tu huyo!"

Mwenye upara ni Bw. Curtis, ambaye leo ameketi hapo mbele. Mechi ilipokwisha aliuliza neno lile maana yake nini na linajibiwaje. Baada ya miaka miwili, hapakuwa na mtu wa mstari wa mbele kati ya Houston na Dallas asiyejua kujibu "Marahaba."

Nilipata kumuuliza mtoto mpole kama yeye anatafuta nini mle. Akasema, "Shangazi, hapa kila mtu yuko ndani ya gari lake. Mle watu wanashikana."

Agosti 2001 alisaini mkataba na klabu ya daraja la pili kaskazini mwa Uingereza, na kwa misimu mitatu raga ikawa kazi yake. Alitupigia simu akilalamikia baridi, na akitueleza kwa furaha kwamba huko wachezaji wa mstari wa mbele ni wazee kwelikweli, kazi ya kuamkia haiishi.

Tarehe 21 Juni 2003 alifunga ndoa na Bi. Kerubo, muuguzi kutoka Kisii, katika kanisa letu la Alief. Walifahamiana kwa kosa. Alimkuta kanisani amevaa sare za kazi, amechoka, akamwamkia. Kerubo, aliyekuwa na miaka ishirini na mmoja, alimkazia macho: "Shikamoo? Kwani mimi nakaa mzee?" Aliomba radhi wiki nzima. Hata baada ya ndoa Kerubo hakumwachia: "Wee Gela, leo umeamkia hata mbwa ya jirani?" Walijaliwa mtoto mmoja, Deo, mwaka 2005.

Septemba 2004 alianguka mazoezini. Madaktari waligundua kuwa misuli ya moyo wake ilikuwa imetanuka na kuchoka, wakamkataza kucheza tena. Alirudi Texas, akaishi na wazazi wake ambao sasa walikuwa wamehamia DeSoto, karibu na Dallas, na alipopata nguvu alifundisha vijana mchezo akiwa amekaa kwenye kiti cha kukunja.

Jumamosi tarehe 14 Oktoba 2006, Bw. Aboud na Bw. Curtis waliandaa mechi ya kumuaga mjini Dallas. Walikubaliana kwamba Gelasius ataingia mara moja, watainama, watashikana, na hakuna atakayesukuma. Bi. Dorothea alikuja. Alikaa garini, vioo vimefungwa. Mwanawe alipoingia uwanjani, alishuka, akaja kusimama karibu nami pembeni mwa uwanja.

Waliinama. Tukasikia "Shikamoo," na kutoka chini ya miili ile yote, sauti nene za wanaume wa Texas zikaitika: "Marahaba."

Bi. Dorothea alinishika mkono. "Wifi, kumbe humo ndani wanaamkiana?"

"Ndiyo, wifi. Tangu zamani."

"Na hakuna aliyeniambia."

Alipotoka, anahema, ameegemea bega la Bw. Curtis, Gelasius alimuuliza, "Mama, umeona?"

"Nimeona kidogo," alisema. "Nimesikia vizuri."

Moyo wake ulishindwa kabisa mwanzoni mwa mwaka huu. Alifariki Ijumaa tarehe 9 Machi 2007 katika hospitali mjini Dallas, mama yake akiwa ameshika shingo yake ile, akimgeuza.

Ameacha baba yake, Bw. Kalisti; mama yake, Bi. Dorothea; mjane wake, Bi. Kerubo; mwanawe Deo, ambaye ameanza kuamkia watu; mimi shangazi yake; na wanaume wengi wenye shingo nene waliokuja leo kwa magari kutoka Houston. Mungu amlaze mahali ambapo watu wanashikana na hakuna anayeumia.

Asubuhi ya siku aliyotutoka aliniamkia kama kawaida, nikaitikia. Kisha akasema, "Shangazi, wale wazee wangu wa mstari wa mbele watakuja. Najua wewe umewazidi umri. Lakini uwaamkie kwa niaba yangu. Usiwapite kimya."