Dokta Alute, Aliyefunga Jua

Ndugu waombolezaji, mimi ni Hosea Njiku, mdogo wake marehemu, familia imenipa kazi ya kuwasomea maisha yake, na nitayasoma yote, hata yale ambayo baadhi yenu mngependa niyaruke.

Dokta Alute Njiku alizaliwa tarehe 14 Machi 1956 kijijini Mgori, mtoto wa kwanza wa mzee Njiku na mama Redempta, akasoma shule ya msingi hapohapo Mgori na sekondari Singida mjini, kisha akaenda chuo kikuu, ambako mwaka 1991 alipata shahada ya uzamivu kwa utafiti wake juu ya uchawi wa wakati, jambo ambalo baba yetu aliliona ni kuchezea ada, kwa kuwa kufunga jua alikwishamfundisha yeye mwenyewe, tena bure.

Kwa mliotoka mbali, kufunga jua ni kazi ya msafiri, ukiona jua linaelemea na nyumbani bado ni mbali, unapiga magoti, unafunga pamoja nyasi za upande huu wa njia na za upande ule, unasema maneno yake, na jua linakungoja hadi ufike, halafu unarudi kufungua wewe uliyefunga, maana mkono wa mwingine hauwezi. Mwaka 1994 tuliharibikiwa na gari tukienda Ulemo, marehemu akashuka akafunga, tukaingia Ulemo kungali kweupe, huku wenzetu waliobaki hapa Mwankoko wameshawasha taa, nami nilikuwepo, sikuhadithiwa. Alifundisha chuoni miaka ishirini na mitano, na kila mwaka aliwaonya wanafunzi wake kwamba nyasi hufungwa kwa ajili ya safari, si kwa ajili ya mtu.

Tarehe 17 Desemba 1983 alifunga ndoa na mwalimu Agripina, wakajenga hapa Mwankoko, wakajaliwa watoto wawili, Dorika, aliyezaliwa 1985 na kufundishwa fundo hilo la nyasi na baba yake wakitoka shuleni, na Festo, aliyezaliwa 1989, ambaye mwaka 2012 alikwenda Kanada akabaki huko, na kila Krismasi alikuwa anakuja, kwenye simu.

Agosti 2024 madaktari walituambia tumrudishe shemeji Agripina nyumbani, saratani imeshamaliza kazi yake, zimebaki siku chache, naye Festo akapiga simu kusema anakata tiketi. Hapo ndipo msomi wetu alipofanya kile alichowakataza watu maisha yake yote, alitoka nyuma ya nyumba hii, akafunga nyasi kwenye njia ambayo Festo angepita, ili mama amngoje mwanawe.

Shemeji alingoja kweli, Septemba ikapita, Krismasi ikapita, hali, hanywi, hafi, na Festo kila mara vibali vyake vina tatizo. Dorika ndiye aliyekuwa akimgeuza na kumwosha, Dorika ndiye aliyesikia mama akimwomba mumewe amwachie aende, na marehemu kila siku alijibu kwamba kijana yuko njiani. Dorika alikwenda mwenyewe kulifungua lile fundo, akalivuta hadi vidole vikatoka damu, nyasi zikakataa, tukamsihi kaka yetu sisi wote, akatununia.

Asubuhi ya tarehe 9 Aprili 2025 Dorika alimwekea baba yake beseni la maji mikononi, akamwambia leo ataosha yeye. Marehemu akafunua shuka, akaona vidonda vya mgongo wa mkewe, akaweka beseni chini, akatoka, na kabla hajarudi kutoka kwenye fundo shemeji alikuwa ameshakata roho.

Tangu siku hiyo hakumfundisha tena mtu kufunga jua. Shinikizo la damu likampanda, figo zikafuata, na tarehe 3 Novemba 2025 alifariki, baada ya kutuusia neno moja tu, kwamba siku yake ikifika asishikwe na mtu.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani zetu wa Mwankoko kwa kuni, maji na kukesha nasi, na walimu wenzake waliosafiri kutoka mbali.

Sasa nisome ambalo halikuandikwa. Kaburi liko tayari tangu asubuhi, mazishi tulisema saa nane, Festo safari hii amekuja kweli, ila basi lake limekwama Manyoni, na mmeona wenyewe kivuli cha turubai hili hakijasogea tangu ibada ianze. Kuna aliyefunga nyasi. Tunajua amefunga kwa huruma, kijana hakumzika mama, na aliyefunga hataki akose kumzika na baba, lakini aliyelala hapa aliomba asishikwe, na huyo Festo atalikuta kaburi, atalia hapo kama tulivyolia sisi. Aliyefunga aende akafungue, tutamngoja, na hakuna atakayemuuliza kitu.

Naona Dorika amesimama. Naomba tumpishe apite.

Pumzika, kaka, sasa hivi unaachiwa.